Icyansi Kilichoingia Kwenye Kompyuta

Sina moyo wa kumsifu Léa Gikundiro, lakini kazi yake anaijua. Katika mji mzima wa Uvira sijaona mtu mwingine anayekaa mbele ya kompyuta akachora beseni, kitana au kifuniko cha bidon ya maji, kitu kikasimama pale kwenye kioo na unene wake na uzito wake, kabla hata punje moja ya plastiki haijayeyushwa. Mimi ni Pudentienne. Nasimamia mashine kwenye atelie ya Papa Osée, karakana ya vyombo vya plastiki hapa mtaa wa Kimanga, mwaka wa tisa sasa, na vidole vyangu vina alama za moto ambazo Léa hana hata moja. Yeye anachora, mimi natoa. Akikosea yeye, naungua mimi. Kwa hiyo nina haki ya kumsema.

Alizaliwa juu milimani, upande wa Mulenge, kwa watu wa ng'ombe. Alishuka Uvira akiwa mgongoni mwa mama yake, wakati ambapo watu walikuwa wanashuka bila kuaga. Mama huyo tunamwita Mama Ganza, kwa jina la mtoto wake wa kwanza, mwanaume aliyekwenda ng'ambo na ambaye hata kupiga simu hajui tena. Siku ile ya kushuka, Mama Ganza alikuwa na mtoto mgongoni, na kwapani alikuwa na icyansi chake, yaani chombo cha maziwa cha mti, chenye tumbo nene na shingo nyembamba, ambacho baba yake alimchongea alipoolewa. Ng'ombe walibaki, nyumba ilibaki, mume alibaki kwenye kaburi lisilo na alama. Icyansi kilifika. Wakapata chumba mtaa wa Songo, na mama akauza mboga za lengalenga sokoni mpaka Léa akamaliza shule ya ufundi Bujumbura, ng'ambo ya mpaka. Nasema haya ili mjue mtoto alilelewa na nani.

Kazi yetu ni hivi. Plastiki inayeyuka ndani ya mashine, inasukumwa kwa nguvu ndani ya kalibu ya chuma, inapoa, kalibu inafunguka, kitu kinatoka. Kalibu ni chuma kigumu na inachongwa mbali. Ikishachongwa vibaya, makosa nayo yamechongwa. Zamani tulikuwa tunabahatisha. Tulitoa ndoo ambazo mikono yake ilivunjika mara ya kwanza mtu alipoinua maji, na wamama wakatuletea vipande wakatutupia mlangoni. Léa alipokuja na programu yake, tukaanza kuona plastiki ikiingia ndani ya kalibu ambayo bado haipo. Inaingia na rangi, nyekundu kule inakochemka, bluu kule inakopoa, na pale mikondo miwili inapokutana kunabaki mstari dhaifu. Hapo ndipo ndoo zetu zilikuwa zinavunjikia. Léa akahamisha mlango wa kuingilia plastiki, mstari ukasogea, ndoo zikaacha kuvunjika. Papa Osée alimpigia makofi peke yake, mimi niliyetoa ndoo elfu moja nikaendelea kufagia.

Programu ya kwanza ilikuwa nzito. Hesabu moja ilianza asubuhi na kumalizika jioni, na umeme ukikatika saa tisa, inarudi mwanzo. Léa hakulalamika. Alikaa kwenye kiti chake akingoja, kichwa juu, na mtu akimsemesha anajibu bila kugeuka. Sikumpenda kwa kile kichwa.

Mwaka jana, mwezi wa pili, Papa Osée alitafuta kitu kipya cha kuuza.

"Batu ya ngombe bameisha kuwa bengi hapa mu ville ya Uvira," alisema. "Banapenda nini? Mutu aniambie kitu moya tu."

"Icyansi," akasema Léa. "Ya mti hakuna tena wa kuichonga. Tutoe ya plastiki, na sura yake sawasawa, banunue bote."

Papa Osée alimwangalia kwa furaha. Akamwambia kitu hicho kikitoka vizuri atakuwa mkuu wa atelie. Nilikuwa nimesimama pale pale, na hakuna aliyekumbuka kwamba nilikuwa nimefika kabla ya Léa.

Basi Léa akaenda Songo kuazima icyansi cha mama yake. Nilikuwa naye, kwa sababu tulikuwa tunatoka kupokea magunia ya plastiki. Mama Ganza alikitoa kwenye kamba alikokitundika, akakipangusa kwa kitenge chake ingawa hakikuwa na vumbi, akakiweka mikononi mwa mwanawe.

"Usiioshe na savon," alisema. "Usiiweke chini. Na dimanche unirudishie, juu minye siwezi kunywa maziwa mu kikombe ya dukani."

"Dimanche utaipata, mama."

Tulipofika atelie, Léa akatoa kipimo chake cha chuma. Nje alipima kila kitu. Ndani kipimo hakikupita, shingo ilikuwa nyembamba mno, na bila kujua unene wa mti programu haikuweza kukijaza kitu, ingekichukua kama ganda tupu. Alijaribu kwa waya, akajaribu kwa kijiti. Saa mbili nzima. Kisha akamwita seremala wa jirani na msumeno wake.

Mimi nikauliza, "Léa, mama yako anajua?"

"Atajua ile siku ataona mupya."

"Kata tu," akasema Papa Osée. "Mama tutamupa ya plastiki. Ile haitapasuka hata siku moya."

Seremala alihitaji mtu wa kukishika. Nilikishika mimi. Nilikibana kati ya magoti na mikono, msumeno ukapita kuanzia shingoni mpaka kwenye kitako, na mti ulipofunguka harufu ikatoka, moshi na siagi, moshi wa miaka arobaini uliokuwa umelala humo ndani. Ilijaa atelie nzima. Papa Osée akaziba pua akasema, "Inanuka ngombe," na tukacheka. Nami nilicheka. Léa hakucheka, alikuwa tayari anapima.

Jumapili ikafika. Mama Ganza akauliza chombo chake. Léa akamjibu, "Iko mu ordinateri, mama. Bado tunapima." Jumapili ya pili akajibu hivyo hivyo, kwamba kimo kwenye kompyuta. Mama huyo alikuwa na desturi ya kununua maziwa kwa mtu mmoja anayeshuka na mitungi kutoka milimani, anayatia kwenye icyansi, anayaacha yagande, anakunywa polepole wiki nzima. Sasa akaacha kununua. Alisema maziwa ambayo hayakukaa kwenye moshi ni maji meupe tu. Wamama wa kanisani kwao, ambao wana midomo kuliko mimi, wakawa wanamngoja mlangoni baada ya ibada.

"Mama Ganza, maziwa ya mu ordinateri inagandaka kwa siku ngapi?"

Wanacheka, naye anatabasamu. Alimtetea mwanawe. Alisema kazi za watu waliosoma ni ndefu, na kwamba mtoto wake hawezi kukosa neno lake. Miezi ikapita hivyo, na nusu mbili za icyansi zikakaa chini ya meza yangu ya mashine. Moja nilikuwa naiwekea skurubu. Nilihitaji kitu cha kuwekea skurubu, ndicho kilichokuwa karibu.

Léa naye alikuwa na taabu zake. Alipokijenga kitu kizima kwenye kompyuta, programu ikapaka tumbo lote rangi nyekundu. Ilikuwa inasema chuma kitakachotengeneza uwazi wa ndani hakitaweza kutoka tena, kwa sababu tumbo ni pana na shingo ni nyembamba. Jambo hilo hata mimi ningemwambia. Ikabidi akitenge vipande viwili, cha chini na cha juu, vinavyofungwa kwa kuzungushwa kama kifuniko cha chupa. Wiki sita alihangaika na meno ya kifungio hicho. Plastiki ikipoa inasinyaa, na kipande kinene kinasinyaa kuliko chembamba, basi mara yanabana, mara yanalegea.

Mwezi wa saba akaja Modeste. Huyu ni kijana wa Bujumbura anayezunguka na programu kwenye flash, anaziweka kwenye kompyuta za watu na kuwaonyesha zinavyofanya. Alileta toleo jipya. Kweli lilikuwa zuri, sitasema uongo. Hesabu ya siku nzima ikamalizika wakati nakunywa chai. Umeme ukikatika, inaendelea pale ilipoachia. Ukisogeza mlango wa plastiki, rangi zinabadilika hapo hapo mbele yako. Inakuambia mapema wapi patabonyea, wapi hewa itanaswa na kuacha doa jeusi, na kitu kitapinda kiasi gani kikishapoa. Meno ya kile kifungio Léa aliyamaliza siku hiyo hiyo.

"Na kuko kingine," akasema Modeste. "Kama muko na kitu ya zamani munapenda kuiga, hakuna tena kupima. Munazunguka na telefoni, munapiga photo makumi ine. Programu yenyewe inajenga kitu."

Léa akauliza taratibu, "Na ndani? Unene?"

"Unapima uzito, unajaza maji, unaandika imeingia litre ngapi. Itakutafutia unene."

Nikatazama chini ya meza yangu. Papa Osée akatazama huko pia, akaanza kukohoa kicheko. Nilikuwa na hasira zangu za miaka, na hapo nikazitoa.

"Kumbe ingetosha telefoni na kopo ya maji," nikamwambia Léa. "Ungengoja tu miezi ine."

Alimwomba Modeste arudie maelezo tangu mwanzo, akaandika kila neno kwenye daftari kwa mwandiko wake ulionyooka. Nilitaka upinde.

Mwezi wa kumi kalibu ikafika na mimi nikatoa icyansi cha kwanza cha plastiki. Kilikuwa kizuri, rangi ya mti, mistari ya mchongaji imenakiliwa yote, hata kovu dogo la shoka karibu na kitako. Hakikupinda, hakikuwa na doa, mstari dhaifu haukuonekana popote. Programu ilikuwa imesema kweli kwa kila kitu ilichoulizwa. Léa alikishika kwa mikono miwili na kwa mara ya kwanza nilimwona amefurahi kama mtu. "Atanisamehe," akasema. Akanigeukia mimi, mimi wa watu wote. "Akiona hii, Pudentienne, mama atanisamehe."

Papa Osée akapanga sherehe uani kwa Mama Ganza, Songo, Jumapili mchana baada ya kanisa. Akaja na vyombo ishirini vya kuuza. Wamama wa kanisani walikuwa wote. Maziwa yaliletwa, ya kwanza kwa Mama Ganza tangu mwezi wa tatu. Léa alisimama na simu, anachukua video ya kutangaza bidhaa. Mama akapokea kimoja, akakigeuza, akapitisha kidole kwenye lile kovu la shoka, machozi yakamlengalenga. Akamwambia mwanawe maneno ya baraka kwa lugha yao. Kisha akaita aletewe makaa ya moto na majani makavu.

Hapo nilimwona Léa ameshusha simu.

Kwa watu wale, maziwa hayaingii kwenye chombo ambacho hakijala moshi. Makaa yanatiwa ndani pamoja na majani, chombo kinafunikwa, kinatikiswa, kinanukia, ndipo maziwa yanamiminwa. Léa alikua akiiona kazi hiyo kila wiki mpaka alipokwenda shule. Na kwa miezi minane aliiandikia programu kila kitu, aina ya plastiki, joto la mashine, joto la kalibu, sekunde za kupoa, lakini moto wa mama yake hakuuandika. Programu haikuuliza, naye hakukumbuka.

"Mama," akasema kwa sauti ndogo, "hii haina lazima ya moshi."

"Chombo yote iko na lazima ya moshi."

"Mama, acha basi, nitakueleza…"

"Mwache afukize!" akapiga kelele Papa Osée, ambaye alikuwa ameshawaambia wateja kwamba kitu hiki hakiharibiki. "Iko nguvu! Fukiza, mama!"

Mama Ganza akatia makaa. Akafunika, akatikisa mara mbili. Mara ya tatu tumbo lilibonyea, kitako kikalegea, kikafunguka, na makaa yakaanguka chini pamoja na uji mweusi unaonuka. Tone moja lilimshika kwenye kifundo cha mkono. Wamama walipiga kelele, halafu, walipoona hajaungua sana, wakaanza kucheka. Walicheka mpaka wakashikana mabega. Papa Osée akakusanya vyombo vyake kumi na tisa harakaharaka na kuvirudisha ndani ya gunia.

Mama Ganza hakulia. Alimwaga maji mkononi, akajifunga kitambaa, akamtazama mwanawe kwa upole ambao hata leo nikiukumbuka naona aibu.

"Hakuna shida," alisema. "Inatokeaka. Kwenda uniletee ile yangu, maziwa isiharibike."

Léa akanitazama mimi nimsaidie. Nikatazama kandambili zangu. Akamtazama Papa Osée, naye alikuwa anafunga gunia. Basi Léa akasema kwa Kifaransa, kwa sababu mama yake hajui Kifaransa.

"On l'a coupé."

Mwanamke mmoja wa kanisani, ambaye hakuna aliyemwomba, akatafsiri kwa sauti kubwa: "Anasema bameisha kuikata."

Mama Ganza akauliza lini. Akauliza tena, na mimi nikajibu, kwa sababu nilikuwa nimechoka kuangalia miguu yangu. "Mwezi ya tatu, mama. Minye ndiye nilikuwa nimeishika." Akatikisa kichwa polepole, akayamwaga maziwa yote pale pale chini, akaingia ndani na kufunga mlango. Mbwa walikuja kuyalamba.

Siku ya pili yake nilitoa skurubu zangu, nikaosha nusu ile kwa mafuta ya taa, nikazipeleka zote mbili Songo. Harufu ya moshi ilikuwa imekwisha, ilibaki ya grisi. Alizipokea dirishani bila kunikaribisha.

Mnadhani Léa alifukuzwa. Hapana. Papa Osée akabandika karatasi nyingine kwenye vile vyombo, akaviita makopo ya sukari, na watu wa mjini wakavigombania. Mpaka leo natoa mia mbili kwa wiki. Léa akafanywa mkuu wa atelie, akapewa meza kubwa na feni. Kila Jumapili alikuwa anakwenda Songo, anagonga, hafunguliwi, anaacha chakula mlangoni, anarudi.

Halafu, mwezi wa kumi na mbili, Alhamisi moja saa nne asubuhi, Mama Ganza akaingia atelie kwa miguu yake. Alikuwa amekonda. Alikuwa amebeba kitu ndani ya kitenge. Akatusalimia wote mmoja mmoja, hata mimi, akaenda kukaa kwenye kiti cha wateja mbele ya meza ya Léa.

"Ulikuwa unasemaka iko mu ordinateri," alisema. "Nimekuja kuiona."

Léa akafungua, vidole vinamkimbia. Icyansi kikatokea kwenye kioo, kizima, kinazunguka taratibu, na kovu lake la shoka. Mama akasogea karibu. Akakitazama muda mrefu sana, na mimi nikazima mashine ili kelele isimsumbue.

"Ndani yake inaonekana?"

Toleo lile jipya lina mahali pa kubonyeza, kitu kinapasuliwa katikati uone unene wa kila upande. Léa akasita.

"Onyesha," mama akasema.

Akabonyeza. Icyansi kikafunguka nusu kwa nusu, kuanzia shingoni mpaka kwenye kitako.

"Na kuirudisha?"

Akabonyeza tena. Kikaungana, hata mstari haukuonekana.

"Kata," mama akasema. Léa akakata. "Unga." Akaunga. "Kata." Sauti ya mama haikupanda, haikushuka. "Unga. Kata. Unga." Léa alikuwa analia sasa, kamasi zinamshuka mdomoni, na kidole chake kikaendelea kubonyeza kwa sababu mama yake aliendelea kumwagiza. Sijui ilikuwa mara ngapi. Papa Osée alitoka nje. Mimi nilimchukia Léa miaka yote ile, na siku ile nilitamani umeme ukatike.

Mwishowe Mama Ganza akafungua kitenge chake. Akatoa zile nusu mbili, akaziweka juu ya meza, sawasawa mbele ya mwanawe.

"Sasa hizi," akasema. "Unga na hizi."

Léa akazishika. Alizishikanisha kwa mikono yake miwili, akazibana kifuani, mti kwa mti. Msumeno ulikuwa umekula mti na nusu zote zimepinda, zikawa hazikutani, mwanga unapita katikati. Akasema mama, mama, mama.

Mama Ganza akangoja mpaka alipochoka kungoja. Akazitoa nusu zile mikononi mwa Léa bila kumnyang'anya, akazifunga tena kwenye kitenge, akasimama. Akamnyoshea mkono kama tunavyowanyoshea watu wa ofisini tukimaliza shida zetu.

"Aksanti sana, madame," akamwambia, na akashika njia ya Songo.